Kidatu: Stesheni Moja, Reli Mbili

Mkoa wa Manyara hauna reli. Mtoto anayekulia Dongobesh, juu kwenye uwanda wa baridi wa Wairaqw, njiani kati ya Mbulu na Haydom, huijua treni kwa picha ya kitabuni muda mrefu kabla ya kuiona kwa macho, na wapo wazee wetu waliozikwa bila kuisikia ikipiga honi. Ukitazama ramani, stesheni zinazotukaribia ni Singida na Arusha, na zote mbili ni ncha za reli, mahali inapoishia. Yamekuwapo maneno ya siku nyingi kuhusu reli ya Tanga, Arusha hadi Musoma, yenye tawi la kwenda Minjingu kwenye fosfeti, na hiyo ikijengwa ndipo mkoa wetu utakapopata chuma chake cha kwanza. Hadi hapo mahindi, maharage na vitunguu saumu vyetu vinashuka mlima kwa Fuso.

Labda ndiyo maana mimi hupenda kusoma habari za reli za watu. Siku moja nilikutana na habari za Yoshinoguchi, stesheni ndogo ya mkoa wa Nara nchini Japani, mahali reli ya kampuni ya JR West inapokutana na reli ya kampuni binafsi ya Kintetsu. Kampuni mbili, nauli mbili, stesheni moja. Abiria anashuka kwenye treni ya huyu, anatembea hatua chache, anapanda ya yule inayokwenda Yoshino kwenye milima yenye sifa ya maua ya mcheri. Japani stesheni za namna hiyo ni nyingi wala hakuna anayezishangaa. Kilichonikaa kichwani ni kwamba reli zote mbili za pale zina upana wa milimita 1,067, ambao ndio upana wa reli yetu ya TAZARA. Nikaanza kuulizia kama Tanzania nayo ina stesheni ambayo waendeshaji wawili wa reli wamekaa nyumba moja.

Ipo. Iko Kidatu, mkoani Morogoro, chini ya milima ya Udzungwa. Upande mmoja ni wa TRC, Shirika la Reli Tanzania. Upande wa pili ni wa TAZARA, Mamlaka ya Reli ya Tanzania na Zambia. Na kisa chake ni kigumu kuliko cha Yoshinoguchi, kwa sababu Kidatu chuma chenyewe hakikupatana.

Nilikuwa na mwenyeji. Baba yangu mdogo aliondoka Dongobesh akiwa kijana kwenda kutafuta kazi ya miwa Kilombero, akaoa huko na kuzeekea huko. Nilipompigia simu hakuuliza nakuja kufanya nini. "Karibu sana mwanangu," alisema, "ila usije mikono mitupu. Vitunguu saumu vya huku ni vya kunusa tu." Kwa hiyo nilisafiri na kiroba cha vitunguu saumu kilichofungwa kamba ya katani, na katika safari nzima kiroba hicho kilinigharimu karibu sawa na nauli.

Kosta ya alfajiri ilitushusha kutoka Dongobesh hadi Dareda. Ukungu ulikuwa umelala ukingoni, dereva akienda kwa kubahatisha kona anazozijua kwa moyo, hadi tulipotoka chini ya wingu na mlima Hanang ukasimama mbele yetu, mkubwa, peke yake, kama mzee asiyehitaji kutambulishwa. Babati kiroba kilibadilisha gari kwa mara ya kwanza. Kijana wa stendi alikibeba hatua zisizofika hamsini na akadai pesa ya chai, nami nikampa kwa sababu basi la Dodoma lilikuwa limeshawasha injini. Njia ya Babati, Kolo na Kondoa sasa ni lami tupu, na sina la kuisimulia zaidi ya kwamba nililala sehemu kubwa yake. Anayepita mchana na asiye na haraka ateremke Kolo aone michoro ya mapangoni, ile ambayo UNESCO iliiweka kwenye urithi wa dunia mwaka 2006.

Dodoma ndipo mtu wa Manyara anapokutana na chuma. Reli ya Kati ya Wajerumani ilifika hapo mwaka 1910 na kuendelea hadi Kigoma mwaka 1914. Ile ya kisasa, ambayo kila mtu anaiita SGR, ilianza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro Juni 2024 na kuifikia Dodoma mwezi uliofuata. Nilikata tiketi ya kushukia Kilosa. Kiroba kilipita kwenye mashine ya ukaguzi, na binti aliyekuwa kwenye skrini aliniangalia kwa jicho la mtu aliyeona vichwa vingi vidogo kwa mpigo. "Saumu," nikamwambia. "Nasikia harufu, kaka," akajibu.

Treni ya umeme haipigi kelele nilizozitarajia tangu utotoni. Inateleza. Lakini kuanzia Gulwe kushuka kuelekea Kilosa macho yangu hayakuwa ndani ya behewa. Huko bondeni, kandokando ya mto Mkondoa, unaiona kwa vipande reli ya zamani, ile ya mita moja, ikipinda na mto kama mbwa anayemfuata bwana wake. Ni eneo hilo ambalo mafuriko ya mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010 yalizoa tuta na madaraja, usafiri ukakatika. Waliojenga SGR walijifunza. Wameipandisha juu na kuipitisha kwenye mahandaki. Treni ikaingia gizani, watoto wakapiga kelele za furaha, ikatoka, ikaingia tena.

Kilosa ni mji unaostahili sifa zaidi ya unazopewa. Hapo ndipo tawi la kwenda Kidatu linapoachana na Reli ya Kati. Lilijengwa kwa awamu, kwanza kufika Mikumi na kisha Kidatu, katika miaka ya 1960, wakati mwendeshaji alikuwa Shirika la Reli na Bandari la Afrika Mashariki lenye makao yake Nairobi. Kilichokuwa kikifuatwa ni miwa: Kampuni ya Sukari ya Kilombero ilianza miaka hiyohiyo, na sukari inahitaji njia ya kutokea. Reli ilikuwa ya kilomita zaidi ya 100 na iliishia hapo, kwenye ukingo wa bonde, ikitazama milima.

Nilimuuliza mzee mmoja aliyekuwa amekaa kwenye benchi la stesheni ya zamani kama naweza kupata treni ya abiria ya kunifikisha Kidatu. Nilimwamkia kwanza, akaitika marahaba yake taratibu, kisha akacheka.

"Mwanangu, umechelewa sana. Siku hizi labda ukapakiwe na sukari."

"Na sukari yenyewe inapita?"

"Ikipita utaisikia. Kama huisikii, basi haijapita."

Nikaenda kutafuta Noah.

Barabara ya Kilosa kwenda Mikumi inafuatana na reli hiyo kwa mbali, na inapita kijiji kiitwacho Ulaya. Kila abiria mgeni hutaniwa hapo, nami sikunusurika: kondakta alitangaza kwa sauti kuwa waliokuwa na ndoto ya kufika Ulaya washuke, viza haihitajiki. Mikumi nilibadilisha gari tena, kiroba kikapanda juu ya kosta, na barabara ikaanza kuteremka kuelekea Kidodi na Ruaha. Joto lilizidi kwa kila kona. Halafu miwa ikaanza. Kwa mtu wa Dongobesh, aliyezoea vishamba vya ngano na mahindi vilivyopandwa kwenye miteremko, ni jambo la kustaajabisha kuona zao moja likijaza bonde zima hadi miguuni mwa milima. Ruaha Mkuu unapita hapo, umeshatumika juu yake kuzalisha umeme wa Kidatu, megawati 204, bwawa lililoanza kazi mwaka 1975. Sukari, umeme, reli mbili: yote katika sehemu ambayo wengi wanaijua kama kituo cha kununua ndizi tu wakielekea Ifakara.

Baba mdogo alinipokea stendi. Alikinusa kiroba kabla hajanisalimia.

Kesho yake asubuhi tukaenda stesheni. Naomba nisimpambie msomaji: haina fahari. Ni uwanja wa wazi wenye njia za reli, majengo ya kazi, nyasi zinazopigana na kokoto, na milima ya Udzungwa nyuma yake iliyojaa msitu. Tulijitambulisha. Mlinzi alitusikiliza, akaingia ndani, akarudi na ruhusa na sharti: "Kutembea sawa, baba. Simu zibaki mfukoni."

Nilichotaka kukiona kilikuwa chini ya miguu yetu. Njia mbili za reli zimelala sambamba, na kati yake nafasi ya kushushia na kupakilia mizigo. Moja ni ya TRC, upana wake milimita 1,000. Nyingine ni ya TAZARA, milimita 1,067. Ukisimama mbali huwezi kuzitofautisha. Ukisogea bado huwezi, mpaka uweke mkono. Tofauti ni nyanda nne za mkono wangu, nazo hazikutimia. Mlinzi aliponiona nimechutama naweka vidole kwenye reli alisema, "Kaka, unapima shamba?" Baba mdogo akamjibu kuwa mimi ni mwalimu, na mlinzi akaonekana kuridhika, kana kwamba hilo lilieleza kila kitu.

Nyanda nne hizo zilitoka mbali. Wajerumani waliojenga Reli ya Kati walichagua mita moja, na Waingereza waliojenga reli ya Mombasa kwenda Uganda nao wakatumia mita moja, kwa kuwa ndiyo iliyotumika sana India, walikotoa vifaa na mafundi. Kusini mwa Afrika mambo yalikwenda njia nyingine. Koloni la Rasi lilichagua futi 3 na inchi 6 ili reli zipande milima kwa gharama ndogo, na kipimo hicho kikasafiri na Waingereza kwenda kaskazini, kikavuka Zambezi, kikaingia Zambia ya leo kufuata shaba. Katikati ya mifumo hiyo miwili palibaki pengo kubwa la nchi isiyo na reli, na pengo hilo lilikuwa upande wetu.

Lililoziba pengo ni siasa. Novemba 1965 Ian Smith alijitangazia uhuru wa wazungu wachache Rhodesia, na Zambia ikajikuta shaba yake inapita kwa adui. Julius Nyerere na Kenneth Kaunda waliomba msaada nchi za Magharibi, wakaambiwa reli hiyo haina faida. China ikakubali. Mkataba ulisainiwa Beijing Septemba 1967, ujenzi ukaanza 1970, na reli ya kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi New Kapiri Mposhi ikakabidhiwa Julai 1976, kwa mkopo usio na riba wa yuan milioni 988. Ili treni ziendelee moja kwa moja kwenye reli za Zambia, ilibidi TAZARA iwe na upana wa kusini. Kwa uamuzi huo, ambao sioni namna ungeweza kuwa mwingine, reli mpya ilipita Kidatu na kuikuta ya zamani imeshafika, jirani kabisa, na hazikuweza kushikana.

Baba mdogo anaukumbuka ujenzi. Alikuwa kijana mgeni bondeni. "Wachina walikuwa wanafanya kazi usiku," alisema, "wanawasha taa msituni, unaziona ukiwa kambini kwetu. Sisi tulidhani wakifika hapa wataunganisha tu. Reli si reli?" Aliposikia kuwa behewa la huku haliwezi kupita kule alidhani ni ugomvi wa wakubwa.

Mtu anaweza kuuliza, kama nilivyouliza mimi, kwa nini isiongezwe reli ya tatu. Zipo nchi zinazofanya hivyo: zinalaza vyuma vitatu, treni nyembamba inatumia hivi viwili, nene inatumia vile viwili. Lakini mbinu hiyo inataka tofauti iwe kubwa. Kichwa cha reli, sehemu ambayo gurudumu linakanyaga, chenyewe kina upana wa karibu milimita 70, na kitako chake ni kipana zaidi. Reli ya tatu ingetakiwa kukaa ndani ya mwili wa ya pili. Kama upana wa TAZARA ungekuwa wa SGR, milimita 1,435, jambo hilo lingewezekana kwa urahisi. Tofauti ndogo ndiyo iliyolifanya kuwa gumu. Nimelifikiria hilo mara nyingi tangu siku ile, na bado linanichekesha na kunikera kwa pamoja.

Kwa hiyo kazi ikaachiwa mikono na vyuma vya kunyanyulia. Kituo cha kuhamishia mizigo kilifunguliwa Kidatu mwaka 1998, miaka 22 baada ya TAZARA kukabidhiwa. Nia yake ilikuwa kubwa: mzigo unaotoka Afrika Kusini, Zimbabwe au Zambia ufike Kidatu kwa TAZARA, uhamishiwe TRC, upande hadi Kilosa, kisha Tabora, kisha ama Mwanza na kuvushwa ziwa Victoria kwenda Port Bell Uganda, ama Kigoma na kuvushwa Tanganyika kwenda Burundi na Kongo. Ukiitazama ramani unaona kuwa uwanja huu wenye nyasi ni kifundo kinachounganisha Cape Town na Kampala.

Sasa fikiria namna kifundo hicho kinavyofanya kazi. Treni ya mizigo inafika kutoka kusini. Kichwa chake kinayasukuma mabehewa kwenye njia ya kushushia. Upande wa pili TRC inatakiwa iwe imeleta mabehewa matupu, ya kutosha na ya aina inayotakiwa, pamoja na kichwa cha kuyaondoa. Makontena yananyanyuliwa, magunia yanabebwa. Lakiri zinakaguliwa, hati za huku zinafungwa na za kule zinafunguliwa, kila upande una kitabu chake na ratiba yake. Mabehewa matupu yakichelewa Kilosa, ya TAZARA yanakaa yamejaa, na behewa lililokaa limejaa ni hasara ya kila saa. Nilikuwa nimelipia pesa ya chai Babati, Dodoma, Kilosa na Mikumi kwa ajili ya kiroba kimoja cha saumu. Mfanyabiashara mwenye tani mia tano anafanya hesabu hiyohiyo, kisha anampigia simu mwenye lori.

Na malori yanapita karibu tu. Barabara kuu ya kwenda Zambia iko Mikumi, mwendo mfupi kutoka hapo. Na kutoka Kidatu kwenda Ifakara sasa kuna lami ya kilomita karibu 67. Siku tuliyokwenda sisi hapakuwa na mzigo unaohamishwa. Palikuwa na vijana wakifyeka nyasi, na mabehewa yaliyosimama, na ndege.

Hapo nilikumbuka stesheni nyingine ambayo wengi wa kaskazini tunaijua kwa jina, Taveta. Mwaka 1916, katikati ya vita, jeshi la Waingereza lilisogeza reli kutoka Voi kupitia Taveta hadi Kahe karibu na Moshi, na kwa hiyo reli ya Kenya ikashikana na ya Tanganyika. Upana uleule, mita moja kwa mita moja. Behewa liliweza kutoka Arusha hadi Mombasa bila mtu kunyanyua gunia. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika, shirika moja la reli likawa matatu, mpaka ukafungwa hadi 1983, na njia ile ikafifia. Pale chuma kilipatana, watu wakaachana. Kidatu watu wamepatana, au angalau hakuna aliyegombana. Kilichokataa ni chuma. Nikilinganisha stesheni hizo mbili, naona Kidatu ina nafuu. Nyanda nne zina dawa: mashine nzuri, mabehewa ya kutosha, na ratiba mbili zinazosomana. Mpaka uliofungwa na serikali hauna mashine ya kuunyanyua.

Lakini dawa haijanywewa ipasavyo. TAZARA ilijengwa kwa matumaini ya kubeba tani milioni 2 kwa mwaka. Katika mwaka wa 2014/15 haikufikisha tani 100,000. Upande wa TRC nako kumepita mengi: mwaka 2007 reli ilikodishwa kwa kampuni ya India, ikawa TRL, mkataba ukavunjika baada ya miaka michache, na jina la TRC likarudi kisheria mwaka 2017. Wapangaji wawili wenye njaa hawawezi kuitunza nyumba moja. Na tukumbuke wapangaji hao si wageni. TAZARA ni mali ya serikali za Tanzania na Zambia. TRC ni mali ya serikali ya Tanzania. Dar es Salaam imekaa pande zote mbili za meza ya Kidatu. Mtu anayejadiliana na nafsi yake hana haki ya kusema mwenzake anamchelewesha.

Mambo yanabadilika sasa, na ndiyo sababu nimeona niandike. Septemba 2024 marais Samia Suluhu Hassan, Hakainde Hichilema na Xi Jinping walishuhudia Beijing kusainiwa kwa makubaliano ya kuifufua TAZARA, na mwaka 2025 ukafuata mkataba wa miaka 30 na kampuni ya Kichina ya CCECC, wenye thamani ya dola bilioni 1.4. Maana yake ni kwamba jirani wa TRC pale Kidatu atakuwa kampuni inayotafuta faida, si mamlaka ya serikali mbili. Kampuni ya namna hiyo itautazama uwanja huu na kuuliza swali moja: unaingiza nini? Na juu Kilosa, mwisho wa tawi hilohilo, imeshafika reli ya upana wa tatu. Tanzania sasa ina milimita 1,000, milimita 1,067 na milimita 1,435, zote ndani ya mkoa mmoja wa Morogoro. Sijui nchi nyingi zenye mzigo wa namna hiyo.

Nilimuuliza baba mdogo, tulipokuwa tunarudi kwa miguu kando ya miwa, kama anadhani kituo kitaamka. Hakujibu moja kwa moja. Alisema treni fupi ya abiria ya bondeni, ile iliyoitwa kipisi, ndiyo iliyowafundisha akina mama wa Mlimba na Chita biashara ya mchele na ndizi. Kwamba ilikuwa ikichelewa kila siku na watu wakaipenda hivyohivyo, kwa kuwa waliijua itakuja. "Mtu anaivumilia treni inayochelewa," alisema. "Isiyojulikana kama itakuja, anaiacha."

Jioni alimega vitunguu saumu vyangu, akavitwanga na chumvi na pilipili, tukala na samaki wa Kilombero. Majirani wakaja kuomba kichwa kimoja kimoja. Kufikia usiku kiroba kilikuwa nusu, na kila aliyepewa aliniuliza kwa nini Mbulu hawavileti kwa wingi huku. Nikawaeleza njia niliyopita. Wakaelewa.

Nina ombi moja kwa wanaoandaa mikataba hii mipya, wa TRC, wa TAZARA na wa wizara. Kidatu iandikwe kwa jina. Iandikwe nani analeta mabehewa matupu, ndani ya saa ngapi, na nani anamlipa nani asipoleta. Tawi la Kilosa hadi Kidatu lipewe ratiba iliyobandikwa ukutani, hata kama ni ya treni moja kwa juma. Hakuna gharama ndogo kuliko hiyo katika habari yote ya reli za nchi hii, na bila hiyo mashine zitakazonunuliwa zitaota kutu zikisubiri behewa.

Msomaji unayetaka kwenda kujionea, panda SGR ushukie Kilosa, kisha Noah hadi Mikumi na kosta hadi Kidatu. Au shuka Morogoro, ambako mabasi ya Ifakara ni mengi zaidi. Jitambulishe stesheni kabla ya kukanyaga reli, na simu uiache mfukoni mpaka uruhusiwe.